Jiwe Likinywa Jua

Umeme ulikatika nikimsomea mpwa wangu hadithi niliyoitunga, pale pale nilipofika: binti anafungua kitambaa, na jiwe linaangaza chumba kizima. Nikawasha tochi ya simu, nikaendelea kusoma. Mpwa wangu alikuwa amelala kifudifudi mkekani, kidevu juu ya viganja. Yuko darasa la tatu. Ni msikilizaji mgumu. Hacheki ovyo na hasinzii.

“Mchana kutwa jiwe lilikuwa likinywa jua,” nikasoma, “likimeta kama maji ya bwawa. Giza lilipoingia, likaanza kuirudisha ile nuru.”

“Mjomba.”

“Naam.”

“Kama lilikuwa linainywa nuru, lilikuwa linameta kwa nuru gani?”

Nikamwambia hilo ni jiwe la ajabu, la nchi nyingine. Akasema “haya” kwa sauti ya mtu aliyeamua kutomsumbua mkubwa. Tukamaliza sura, umeme ukarudi, akaenda kulala.

Mimi usingizi haukuja.

Hiyo ilikuwa katikati ya Oktoba. Sasa ni wiki ya nane, na swali lile limenifutisha sura mbili nilizozipenda kuliko zote.

Kinachometa kimekataa

Wanaofuatilia hadithi yangu ya Utusitusi, nchi niliyoibuni, wanalijua jiwe hilo: linakunywa jua mchana na kuangaza usiku. Nililiita lulunuru, na katika sura nne nilizokwisha kuziweka hapa linameta karibu kila ukurasa. Nilipokuwa naliandika nilikuwa na picha moja kichwani: meza ya mnunuzi mmoja wa madini hapa mjini, miaka mingi nyuma, aliyenigeuzia tanzanaiti dirishani ili nione ikitoka bluu na kuingia zambarau. Hakuipaka kitu. Aliigeuza tu, kwa maana rangi ya tanzanaiti inategemea unaitazama kwa upande upi. Na mkoa wetu wa Dodoma una mawe yake. Haneti kuna krisopresi ya kijani. Mwaka 2008 watu walimiminika Winza, wilayani Mpwapwa, kufuata rubi. Ukikulia huku, ukisikia mtu anataja jiwe la ajabu, moja kwa moja unaona kitu kinachometameta.

Swali la mtoto likanirudisha mezani pale. Kito kinameta kwa sababu gani? Kwa sababu mwanga ukiingia ndani yake haukai. Almasi iliyochongwa vizuri inaupokea kwa juu, mwanga unagonga kuta za ndani, unageuzwa, unarudi ulikotoka na kukuchoma machoni. Krisopresi ni ya kijani kwa kuwa nikeli iliyomo inameza rangi nyingine na kuiachia kijani. Rangi tunayoisifia ni ile ambayo jiwe halikuitaka.

Kwa hiyo jiwe lenye kiu ya jua haliwezi kumeta. Kila chembe ya mwanga inayokufikia machoni ni chembe ambayo jiwe halikuinywa.

Nilijaribu kujitetea. Wiki nzima nilijiambia kwamba hadithi ni hadithi. Sungura anaongea na hakuna anayeuliza koo lake likoje. Lakini hakuna ngano inayosema sungura alikuwa bubu, kisha ikampa maneno ya kumlaghai fisi. Mimi hicho ndicho nilichokifanya. Nilisema jiwe linakunywa, halafu nikalionyesha likimwaga. Kubuni ni kumwahidi msikilizaji jambo, na mtoto yule alikuwa ameishika ahadi yangu kwa uzito kuliko nilivyoishika mwenyewe.

Hilo liliniuma.

Hesabu ya kiganja

Basi nikaanza upya, kwa daftari na kalamu. Tuseme jiwe linakunywa mwanga wote unaoliangukia. Ni mwanga kiasi gani?

Jua la saa saba mchana bila wingu humwaga mwanga wa laksi 100,000 hivi, yaani lumeni 100,000 katika kila mita moja ya mraba (lumeni ni kipimo cha wingi wa mwanga). Jiwe langu ni la kiganja: sentimita 10 kwa 10. Hiyo ni sehemu moja ya mia ya mita ya mraba, kwa hiyo linapata lumeni 1,000. Nikaenda kusoma kiboksi cha balbu ya jikoni. Balbu ya LED ya wati 9 hutoa lumeni 800 au zaidi kidogo.

Nikakaa chini.

Jiwe la kiganja, likinywa jua kali kwa saa moja bila kupoteza kitu, lingewasha chumba kwa saa moja kama balbu ya jikoni kwangu. Sikuipanga hesabu itoke hivyo. Miaka miwili nilikuwa naandika jiwe linaloangaza chumba, nikilipima kwa hisia tu, na kumbe jua lenyewe linakubali.

Nikaendelea. Katika Utusitusi usiku ni mara mbili ya mchana. Hata jiwe likianikwa tangu macheo hadi machweo, halifiki asubuhi. Nyumba ya mtu wa kawaida ingehitaji mawe mawili au matatu, na yote yaanikwe mahali penye jua lisilozibwa. Jiwe lililokaa chini ya mbuyu lingetoa usiku wenye ukijani wa majani. Lililoanikwa jioni tu lingetoa wekundu wa machweo usiku wa manane. Na tapeli angeuza mawe yaliyoshibishwa kwa mbalamwezi, akiapa kwamba nuru ni nuru.

Hapo ndipo hesabu iliponishangaza zaidi. Jua linaangaza kuliko mwezi mpevu mara 400,000 hivi. Jiwe lililokunywa mbalamwezi usiku kucha, saa kumi nzima, ukitaka litoe nuru ya kiwango cha jua, shibe yake yote inakwisha kabla hujamaliza kupepesa jicho. Tapeli angekuwa amekwishavuka mto.

Kuna jiwe la kweli lililowahi kuwapa watu ndoto kama yangu. Mwanzoni mwa karne ya 17, fundi viatu mmoja wa Bologna, Italia, Vincenzo Casciarolo, alichoma jiwe zito la mlimani pamoja na mkaa akitumaini kupata dhahabu. Hakupata. Alipata kitu ambacho kikikaa juani kisha kikapelekwa gizani kinawaka chenyewe, kwa wekundu wa kaa linalozimika. Wasomi wa wakati ule wakaliita sponji la jua. Napenda kwamba walichagua neno la kitu kinachofyonza. 

Jeusi

Sponji basi. Likifyonza kila kitu, mchana ni jeusi.

Na si jeusi la kawaida. Jumapili moja mpwa wangu alitoa nje sufuria ya kuni yenye masizi na nyingine iliyosuguliwa ikang'aa, tukatia maji kila moja, tukaziweka juani. Tulipokuwa tunasubiri nikamwambia aitazame ile yenye masizi: unaona imebonyea wapi? Akaonyesha. Maana yake masizi bado yanarudisha kidogo. Kitu kisichorudisha chochote hakina umbo machoni. Mwaka 2014 kampuni moja ya Uingereza ilionyesha Vantablack, inayomeza zaidi ya asilimia 99 ya mwanga. Karatasi ya alumini iliyokunjamana ikifunikwa nayo, mikunjo haionekani tena. Ni kama tundu.

“Kwa hiyo jiwe letu ni shimo,” akasema.

Alisema letu.

Baada ya saa nzima akagusa sufuria. Ile iliyong'aa aliishika. Ile ya masizi aliuondoa mkono haraka, akapuliza vidole. Kisha akauliza kama jiwe letu nalo lingeungua hivyo, nami nikafungua mdomo kusema ndiyo.

Sikusema. Nilikumbuka maneno ya fundi aliyetufungia sola kijijini kwa Mama. Alikuwa amepanda juu ya bati, akaniambia kwamba paneli inayofanya kazi ina nafuu kidogo ya joto kuliko iliyochomolewa waya, kwa sababu sehemu ya nguvu ya jua inaondoka kupitia waya badala ya kubaki pale na kuchemka. Joto la masizi ni mwanga ulioliwa ukageuka joto. Sasa jiwe linaloutunza mwanga wote ili liurudishe usiku limebaki na nini cha kuchemka?

Halina kitu. Lingekuwa la baridi.

Jeusi kuliko masizi, na saa saba mchana, kwenye miamba ya Dodoma inayounguza nyayo, la baridi kama mtungi.

Nilimwambia vile nilivyoliona, neno kwa neno, na yeye akakodoa macho. Ajabu niliyokuwa naitafuta kwa kumetameta ilikuwa hapa. Siku hiyo hiyo nikaandika watafutaji wa Utusitusi: hawabebi nyundo wala taa. Wanapanda miamba saa ya jua kali, pekupeku, wakitafuta kwa nyayo.

Wingu la Mama

Bado kulikuwa na kitu kinanizuia. Hadithi nilizokua nazo, za shuleni na za kwenye skrini, zimenifundisha kwamba kitu cheusi kikiingia, ubaya umeingia. Mfalme mwovu ana jiwe jeusi. Shujaa ana la kung'aa. Niliogopa kumpa binti wangu kitu ambacho msomaji atakitilia shaka tangu aya ya kwanza. Nikafikiria kulifanya la kijivu. Nikaandika kurasa tatu za kijivu, zikawa chapwa, nikazifuta.

Mwishoni mwa Novemba tulikwenda kwa Mama, upande wa Mvumi. Jioni nikamsomea. Mama husikiliza akiwa anafanya kazi. Siku hiyo alikuwa anachagua mbegu za uwele kwenye ungo, kidole kinasukuma mbovu pembeni. Nilipofika kwenye weusi nikamweleza hofu yangu.

“Mwanangu,” akasema, bila kuinua uso, “wingu jeusi likitokea pale, tunakimbia?”

Nikanyamaza.

“Jeupe ndilo la kuliogopa. Jeupe linapita.”

Akaendelea na mbegu zake. Nami nikakumbuka mambo ambayo nilikuwa nayajua siku zote bila kuyatumia: kwamba Wagogo walipoomba mvua walitafuta ng'ombe mweusi, kwa kuwa weusi ni rangi ya wingu lenye maji. Kwamba watemi wa Kigogo walikuwa na mawe ya mvua, yakitunzwa kama sehemu ya utemi wenyewe. Jiwe lenye nguvu halikuwa geni nyumbani kwetu hata kidogo. Nilikuwa nimelifuata mbali, kwenye meza ya mnunuzi, nikalivika mng'ao wa dukani, wakati nchi niliyozaliwa ilikuwa na sababu zake za kuupenda weusi.

Usiku ule ule jiwe lilipata jina jipya. Kinywajua. Kitu kinachokunywa jua, na pia kinywa cha jua. Kiswahili kimenipa yote mawili kwa neno moja, na nimelitamka mara nyingi peke yangu kwa sababu ya raha yake tu.

Linatoka lini?

Asubuhi Mama akauliza, kana kwamba mazungumzo hayakukatika: “Hilo jiwe lako, likishashiba, kinachoizuia nuru isitoke mchana ni nini?”

Mtoto alikuwa amebomoa ukuta mmoja. Mama akabomoa wa pili.

Kweli, jiwe linajuaje kwamba usiku umeingia? Niliandika majibu ya kila namna. Linahisi baridi: lakini nimekwisha kusema ni la baridi siku zote. Linasubiri wimbo: nikaona aibu. Wimbo ungekuwa kitasa nilichokibandika mlangoni kwa kuwa sikujua mlango unafungukaje.

Nikamfuata Mama korongoni. Sasa kijiji kina kisima cha bomba, ila bomba lilikuwa limeharibika, na wanawake walikuwa wamerudi mchangani kama zamani. Korongo lilikuwa kavu, mchanga mweupe hadi kwenye kona. Mama alipiga magoti mahali ambapo mimi sikuona tofauti yoyote, akachimba kwa bakuli, akachimba, mchanga ukawa wa rangi ya chai, kisha ukawa mzito. Halafu akaacha kuchimba. Maji yakaja yenyewe, taratibu, kutoka pembeni. Ya kwanza alichota akamwaga, ya tope. Akasubiri. Ya pili bado. Ya tatu alichota kwa kata, akainamisha ndoo ili yasipige kelele wala kutibua mchanga. Ndoo moja ilichukua muda ambao mimi ningetembea hadi barabarani na kurudi. Alipomaliza alifunika kishimo kwa matawi ya miiba, mbuzi wasikiharibu.

Nilitazama kile kishimo nikijua kwamba jibu langu limo humo, nikashindwa kulitoa.

Lilikuja siku nne baadaye, mjini, nikiwa nasugua miguu bafuni. Jiwe la kusugulia, la kijivu, halina sura. Nilipolimwagia maji likawa na mishipa myekundu na madoa meusi ambayo sikuwahi kuyaona. Na hapo yule mnunuzi wa madini akarudi kichwani, na kitu alichofanya kabla ya tanzanaiti, kitu nilichokuwa nimekisahau: alichukua jiwe ghafi, kavu, lenye vumbi, akalilamba. Kisha akaliinua dirishani na lilikuwa limefunguka. Wachimbaji wadogo wengi hufanya hivyo. Juu ya jiwe kavu kuna mikwaruzo midogo inayoutawanya mwanga, jiwe linaonekana limepauka. Maji yakijaza ile mikwaruzo, jicho linapita hadi ndani.

Jiwe kavu limefunga. Jiwe lililolowa limefunguka.

Nilitoka bafuni na taulo, nikaandika kwa simu nikiwa nimesimama: kinywajua kikiwa kikavu kinakunywa, kikilowa kinatoa. Kata moja ya maji kwa usiku mmoja.

Wenye nuru, wenye maji

Nikaanza kuona nilichokifanya, na nikaogopa kidogo.

Utusitusi ni nchi kama hii. Mvua zinaanza Desemba, zinakatika Aprili, na miezi mingine yote ni vumbi. Miezi ya vumbi jua ni la kumwaga. Mawe yanashiba hadi yanaganda kwa baridi. Ila hakuna maji ya kuyafungua. Mama aliyetoka korongoni na ndoo moja anarudi nyumbani akiwa na mtoto anayeogopa giza na mtoto anayetaka kunywa, na inawezekana ni mtoto yule yule. Miezi ya mvua maji yako kila mahali, lakini wingu limeziba jua, na tone moja likipita kwenye paa jiwe linaanza kuvuja nuru mchana bila faida kwa mtu. Lazima walifunge kwa ngozi yenye mafuta, walizike kwenye majivu, walilinde na unyevu kama tunavyolinda mahindi na dumuzi.

Katika ile hadithi ya zamani kulikuwa na jumba la mfalme lenye mawe elfu moja. Sura ya nne. Nilijivunia sana sura hiyo. Sasa siwezi kuingia ndani ya jumba lile bila kuuliza nani alichota maji ya usiku mmoja, kutoka kishimo kipi, na alikuta foleni ya watu wangapi. Nimeifuta, pamoja na sura ya pili yenye bwawa la mng'ao. Waliozipenda, na najua mpo kwa sababu mliniandikia, nawaomba radhi kwa moyo wote. Sikuweza kuziacha.

Mahali pa jumba nimeandika ukurasa mmoja tu hadi sasa. Msimu umechelewa. Milima ya Utusitusi imejaa vinywajua ambavyo hakuna unyayo uliowahi kuvikanyaga, na vyote vimekunywa jua la miezi saba. Wingu linapanda upande wa mashariki, jeusi, zito. Mchana unakuwa kama magharibi. Watu wanatoka nje. Tone la kwanza linaanguka juu ya mwamba, la pili, na juu kule, moja moja, kisha kwa makumi, kisha mlima wote, mawe yasiyojulikana na mtu yanafunguka na kuirudishia mvua nuru ya miezi yote ya kiangazi. Chini ya wingu lile. Binti anaviona vilipo, na anajua ana muda wa mvua hii tu kuvihesabu kabla havijaisha.

Sijui bado kama atapanda au atabaki kukinga maji na mama yake.

Jumamosi iliyopita tulikuwa kwa Mama tena. Mvua ya kwanza iliingia kama saa tisa alasiri, na upepo, na ile harufu ya udongo. Mama alikuwa anapanga ndoo na masufuria chini ya bati, ya masizi na ya kung'aa, yote. Jirani alipita akikimbia kuingiza mbuzi, akatupungia, “Mbukwenyi!” Nikamtafuta mpwa wangu nikidhani yuko nje anaoga mvua kama watoto wengine.

Alikuwa barazani, amesimama juu ya kigoda, mkono mmoja umeshika nguzo. Maji yalikuwa yanamwagika mbele yake lakini hakuyatazama. Alikuwa anatazama miamba ya mlimani.